Ukimya wa Siku Hamsini na Mbili

"Mama mkubwa, hivi kwa nini unazaa kila mara?"

Yusra alikuwa na miaka tisa alipouliza hivyo. Mkono wake ulikuwa kwenye mpini wa kusokotea kamba, na Mwaija alikuwa hatua thelathini mbele yake, akirudi kinyumenyume na fungu la katani kiunoni, uzi umenyooka kati yao uani. Mtoto alitaka kujua tu. Alikuwa ametoka Handeni wiki mbili kabla ili asome Korogwe, kwao walikuwa wawili, na hapa Kwamndolwa alikuta watano na wa sita yumo tumboni.

Mwaija alifunga ncha ya uzi kwenye kigingi usije ukalegea, akaitembea njia yote ile na tumbo lake, akamzaba Yusra kofi moja la kisogoni, halafu akarudi mahali pake wakaendelea na kazi.

Kofi lenyewe halikuuma sana. Kilichomkaa Yusra ni ile sura. Mama mkubwa hakuwa amekasirika. Alikuwa kama mtu aliyefumaniwa.

Mwaija alizaliwa kambini, kwenye zile nyumba za mstari za shamba la mkonge. Babu yake aliletwa na treni kutoka Kigoma enzi za manamba, kuja kukata mkonge. Mama yake alikuwa Mzigua wa Handeni. Yeye na mdogo wake, ambaye ndiye mama wa Yusra, walikua wakisikia korona, mashine ya kukamulia majani, ikinguruma tangu alfajiri, na Mwaija alijua kusokota kamba kabla hajajua kuandika jina lake. Hata alipoolewa na Athuman, dereva wa trekta, na kuhamia nyumba yao wenyewe, hakuiacha kazi ile. Kamba zake zilipanda gari kwenda gulioni Handeni, na huko wafugaji walizivuta, wakazing'ata, wakazifunga shingoni mwa ndama papo hapo. Kamba ya Mama Adamu haikatiki, walisema. Adamu ndiye mwanawe wa kwanza, na mtaani hakuna aliyemwita kwa jina jingine.

Nyumba ile ilikuwa na sheria zake, na Yusra aliziona zikitumika baada ya Ikram, yule wa sita, kuzaliwa na kuachishwa ziwa na mambo kurudi yalivyokuwa. Ila sheria yenyewe watoto wakubwa walishamwambia mapema, kwa kunong'ona, kama wanavyoambiana wageni wa nyumba habari za mbwa mkali: ukimwona mama ameweka mkono mbele ya jicho la kulia na anautazama kama hauoni, zima redio. Weka sufuria chini polepole. Toka.

Kwani kwanza ulikuja msumeno. Ndivyo Mwaija mwenyewe alivyouita. Doa dogo la mwanga pembeni mwa jicho, halafu doa likafunguka, likawa na meno, meno yakawa yanametameta na kuzunguka kama msumeno wa mashine ya mbao, na palipopita msumeno hapaonekani kitu. Uso wa mtu anayekusalimu unakatika nusu. Dakika ishirini hivi, kisha msumeno unaondoka, na nyuma yake kinaingia kipandauso chenyewe, upande mmoja wa kichwa, tangu kwenye nyusi hadi kisogoni, na hapo ni beseni la kutapikia, kanga imekazwa kichwani, madirisha yamezibwa kwa mablanketi saa saba mchana, na mtu mzima aliyesokota kamba za kuvutia ng'ombe amejikunja sakafuni kama kifurushi. Siku mbili, mara nyingine tatu.

Kilimwanza akiwa na miaka kumi na tatu, mwezi uleule alipovunja ungo. Lakini bibi aliyemfunda alimwambia kwamba mambo ya siku zake hayasemwi. Si kwa baba, si kwa mume, si kwa daktari, na mbele ya mtoto ndiyo kabisa. Mwaija alikuwa msikivu. Alikwenda zahanati na kichwa kwa miaka thelathini, na kila alipoulizwa kinaanza lini, alijibu, "Kinaanza tu." Akapewa Panadol. Akarudi.

Aliyekuwa na maelezo alikuwa Bibi Rukaya, mama yake Athuman, aliyeishi Handeni na kuja Korogwe kila baada ya mavuno na kuku wawili na mdomo wake. Bibi Rukaya hakuwa mtu mbaya. Alimpenda mkwewe, na baada ya mtoto wa tatu alimchukua mwenyewe hadi kwa mganga mmoja mbali huko, wakalala njiani. Mganga aliuliza maswali ambayo zahanati hawakuwahi kuyauliza. Ulipokuwa na mimba ya huyu, kilikupata? Hakikunipata. Na ya yule? Kilinipata mwanzomwanzo, kisha kikaniacha mpaka nikajifungua. Na unaponyonyesha? Kinakuja kidogo, kwa mbali. Mganga akatikisa kichwa, akasema jini la huyu mama halipendi tumbo tupu. Likikuta mtoto, linaheshimu. Likikuta tupu, linapiga.

Maneno hayo yalisafiri na Bibi Rukaya kila alikokwenda, na Yusra aliyasikia mara nyingi akichambua mchele. Ajabu yake ni kwamba yule mganga hakukosea kuona. Alichoona ndicho kilichokuwa. Basi watu waliyaamini, maana kila mtu aliyemjua Mwaija aliweza kuyahakikisha kwa macho yake: mwaka wa mimba alinenepa, aliimba, alisokota kamba mbili kwa siku. Getruda, jirani aliyekuwa akikaanga vitumbua barazani kwake, alikuwa akipiga kelele kutoka upande wa pili wa ua, "Mama Adamu, kiwanda chako hakifungi hata sikukuu?"

"Malighafi ipo," Mwaija alimjibu, na wote wawili walicheka mpaka mafuta ya Getruda yakaungua.

Ikram alikuja vibaya. Yusra alikumbuka baba mkubwa akisimama mlangoni asubuhi na shati limelowa, anasema mtoto yupo, ni wa kike, halafu anakaa chini palepale kizingitini bila kusema kuhusu mama. Walimpasua. Alivuja damu nyingi, akaongezwa chupa baada ya chupa, na ndugu walioweza kutoa walitoa. Baada ya siku tisa daktari alimwita Athuman na mkewe pamoja, akawaeleza kwa Kiswahili kisichozungushwa: mfuko wa uzazi umechanika na kushonwa, hautabeba tena. Mimba nyingine ni kaburi, la mmoja au la wawili. Akashauri wafunge kizazi palepale. Mwaija akasema ataomba muda afikirie. Hakurudi kuwapa jibu.

Athuman yeye hakuhitaji kufikiri. Siku waliyorudi nyumbani alibeba godoro lake, akaliweka chumba cha watoto wa kiume. Watu wazima hawakulisema hilo, lakini nyumba nzima ililijua.

Miaka miwili ya kumnyonyesha Ikram ilipita bila makubwa. Alipoachishwa ziwa, msumeno ukarudi, na ulikuwa na njaa.

Yusra wakati huo alikuwa darasa la tano. Kila mama mkubwa alipoanguka, yeye ndiye aliyebaki nyumbani kupika na kumbeba Ikram, na mwalimu alitaka kujua utoro ule una sababu gani. Ndipo alipoanza kuandika herufi K, ndogo, kwa penseli, kwenye kalenda ya duka la vifaa vya ujenzi iliyoning'inia sebuleni. K ni kichwa. Aliandika ili asichapwe, si kwa jingine. Mwaka ulipoisha aliivua kalenda akaiweka chini ya godoro lake, akaanza nyingine. Alikuwa mtoto wa kutunza vitu.

Alipokuwa darasa la sita, Mwaija alisikia kwa wanawake wenzake kwamba vidonge vya majira vinanyoosha mambo ya mwezi. Alivinunua duka la dawa. Muuzaji alimuuliza ana presha, akasema hana. Hakumuuliza kama anaona mianga, na Mwaija hakuona sababu ya kumwambia muuzaji dawa habari za jini.

Ilikuwa mwezi wa tatu wa vidonge. Walikuwa uani, Yusra mpinini. Uzi ukalegea ghafla. Yusra akainua macho akamwona mama mkubwa amesimama, katani imemdondoka, mkono wa kushoto unaning'inia kama si wake. Alikuwa anatazama hewani pembeni, akifuatisha kitu kinachozunguka. Kisha akafungua mdomo kusema, na mdomo ukaenda upande. Sauti iliyotoka haikuwa neno. Yusra alimshika, akamkalisha juu ya fungu la katani, akapiga kelele kumwita Getruda, na Getruda akaja mbio na mwiko wake mkononi. Kwa muda wa nusu saa hivi Mwaija aliwatazama wote wawili na kutoa sauti zile. Kisha maneno yakarudi moja moja, mkono ukaanza kuwasha, na la kwanza alilosema likaeleweka lilikuwa, "Msimwambie Athuman."

Hawakumwambia. Hilo Yusra hakujisamehe baadaye. Mwaija alivitupa vidonge chooni, akasema jini limekasirika kufungiwa mlango, na kwa kuwa Bibi Rukaya naye alisema hivyohivyo aliposimuliwa, ikawa imekwisha.

Miaka ikaenda. Yusra akaingia sekondari. Kwenye kalenda zake K zilikuwa zimekaa kwa mpangilio mzuri hapo mwanzo, tatu tatu, pengo la wiki tatu na ushee, tena tatu. Mwaka alipoingia kidato cha pili mpangilio ukavurugika. Zikaja tano kwa mkupuo, zikaja mara mbili kwa mwezi, ukapita mwezi mmoja na nusu bila kitu, zikaja nane. Mwaija alikuwa amefika miaka arobaini na nne. Alikonda. Alikuwa anameza Panadol kama karanga, kila siku, hata siku ambazo hakijaja, asije akakutwa. Kamba mbili alizopeleka gulioni zilirudishwa kwa kulegea, jambo ambalo halikuwahi kutokea, na mfugaji aliyezirudisha alizileta kwa heshima, amezikunja vizuri, kama anayeleta habari ya msiba.

Kidato cha tatu, mwezi wa tatu, Madam Elina wa Baiolojia alichora ubaoni vilima viwili, kimoja kikubwa na kingine kidogo, na kila kilima kilikuwa na upande wa kushukia. Akaeleza kwamba hiyo ni homoni moja iitwayo estrojeni inavyopanda na kushuka katika mwezi wa mwanamke, na kwamba ule mshuko wa mwisho ndio unaotangulia hedhi. Yusra aliutazama ule mshuko. Alikuwa ameuona mahali. Aliuona kwa penseli, kwenye kalenda.

Akanyoosha mkono, akauliza kama inaposhuka inaweza kushuka na kichwa. Darasa zima likacheka. Kijana mmoja wa nyuma akataka kujua kichwa kishuke kiende wapi. Madam Elina hakucheka. Alisema wapo wanawake ambao kichwa chao hakivumilii ule mshuko, hata yeye mwenyewe ana dada wa hivyo. Baada ya kipindi Yusra alimfuata ofisini akamuuliza, na mwanamke akiwa na mimba je? Madam akachukua chaki, akachora juu ya meza mstari mmoja unaopanda, ukapanda, ukakaa huko juu.

"Haishuki mpaka ajifungue," akasema. "Wengi wao kichwa kinatulia. Kwa nini, nyumbani kuna mjamzito?"

Yusra akasema hakuna. Alirudi nyumbani kwa miguu badala ya kusubiri usafiri. Usiku huo alitandaza kalenda zake zote kitandani, akaona miaka yote ile ya nyumba yao imelala mbele yake, na akaona pia ile ambayo hakuiandika, miaka ya kabla yake, Adamu na wadogo zake, mmoja baada ya mwingine, kila mmoja na mwaka wake wa utulivu. Kofi la kisogoni likamrudia. Lakini alikuwa amefundwa kama wote. Mambo hayo hayasemwi. Akazikunja kalenda akazirudisha chini ya godoro.

Mwezi wa nne Bibi Rukaya alikuja na kuku wake. Alikaa siku kumi, akaongea na mwanawe faragha, akaongea na mkwewe faragha, na kabla hajaondoka Yusra alisikia mama mkubwa akimwambia baba mkubwa koridoni kwamba alikwenda kliniki, amewekewa kijiti mkononi, kile cha kuzuia mimba miaka mitatu, asiwe na hofu. Juma lilelile godoro la Athuman lilitoka chumba cha watoto.

Alama ya K ya mwisho iliandikwa tarehe nne mwezi wa sita. Baada ya hapo, kalenda ikawa nyeupe.

Siku kumi na tano. Si ajabu. Siku ishirini na tano. Mwaija alisokota kamba juani saa sita mchana bila kitambaa kichwani. Siku thelathini, redio iliwashwa kutwa nzima, na watoto, ambao walizoea kutembea kwa ncha za vidole, walianza kukimbizana ndani wakapigana kwa mito. Siku arobaini, Mwaija aliimba akichota maji. Getruda akatoa kichwa chake barazani akauliza leo kuna nini, au kiwanda kimefunguliwa. Mwaija alicheka, lakini safari hii hakujibu.

Kila mtu nyumbani alifurahi, na Yusra alikuwa akisikiliza furaha ile kama mtu anayesikiliza maji yakijaa nyuma ya ukuta. Alimwona mama mkubwa akipakua chakula mara mbili. Alimwona akisimama mlangoni, mkono uko juu ya tumbo, bila kujua kwamba uko pale. Usingizi ukampaa. Darasani aliandika tarehe pembeni mwa daftari badala ya majibu. Neno kaburi, alilolisikia akiwa mdogo na kulielewa nusu, sasa alilielewa lote.

Siku ya hamsini na mbili ilikuwa Jumapili. Athuman alikuwa nyuma ya nyumba anapaka grisi mnyororo wa baiskeli. Yusra alimwamkia, ingawa asubuhi alikuwa ameshamwamkia, na Athuman akaitikia marahaba ya pili bila kuinua macho.

"Baba mkubwa," Yusra akasema. "Mama mkubwa hajaumwa kichwa siku hamsini na mbili."

Athuman aliendelea kupaka. Mikono yake ilifanya mizunguko miwili mitatu zaidi kabla haijasimama.

"Ana kijiti," akasema.

"Umekishika?"

Hilo si swali la kumuuliza baba yako mkubwa. Yusra alisubiri apigwe, na mtu mwingine labda angempiga. Athuman alijifuta mikono kwa tambara, kidole kimoja kimoja. Alikuwa amepata watoto sita na mke huyo, na ameishi naye miaka ishirini na minne. Hakuhitaji kalenda kujua maana ya nyumba kuwa kimya. Alinyanyuka akaingia ndani. Yusra hakusikia kilichosemwa. Alisikia redio ikizimwa.

Kesho yake walikwenda hospitali watatu, kwa kuwa Yusra alikuwa na kalenda kwenye mfuko wa shule na Athuman alisema aje nazo. Mwaija alivaa gauni lake la sikukuu.

Aliyewapokea ni daktari mwanamke wa makamo, Asnath, Mshambaa wa Vugiri aliyekuwa akizungumza taratibu kama anayetembea mlimani. Kwanza alimshika Mwaija mkono wa kushoto upande wa ndani, akapapasa kwa vidole viwili. Akashika na wa kulia. Kijiti hakikuwepo. Alimtazama Athuman, na Athuman akatazama sakafu. Mwaija akatazama dirisha. Kisha akapewa kikopo, akaenda, akarudi, wakakaa kusubiri.

Wakati wakisubiri, Dokta Asnath alizifungua kalenda juu ya meza, moja juu ya nyingine, akazipitia kwa ncha ya kalamu. Aliuliza nani kaandika. Akamuuliza Mwaija, akiwa bado anazitazama, kinapoanza anaona nini. Katika miaka thelathini na moja lilikuwa swali la kwanza la namna hiyo kutoka kwa mtu mwenye koti jeupe. Mwaija aliinua kidole akachora hewani meno ya msumeno, polepole, yakizunguka.

"Umewahi kumeza vidonge vya majira?"

Mwaija alirudisha macho dirishani. Yusra, ambaye alikuwa ameahidi, akavunja ahadi: akasimulia ule mkono ulioning'inia, ule mdomo, ile nusu saa. Athuman alikuwa anayasikia kwa mara ya kwanza, na alisimama kana kwamba jambo lenyewe lilikuwa linatokea wakati ule. Dokta Asnath aliweka kalamu chini. Alisema mwanamke mwenye kuona mianga kabla ya kichwa hapewi vile vidonge vya homoni mbili, kwa kuwa vinaweza kumziba mshipa kichwani akapooza, na kwamba nusu saa ile ilikuwa mlango umefunguliwa na kufungwa. Kwa wengine, akasema, haufungwi.

Muuguzi akaleta kikaratasi. Daktari akakisoma.

"Huna mimba, mama."

Athuman alishusha pumzi kwa sauti ambayo Yusra hakuwahi kuisikia ikitoka kwa mwanamume. Yusra akageuka ili amtazame mama mkubwa wafurahi pamoja, na akakuta mama mkubwa analia. Alikuwa akilia kimyakimya, mikono imekaa magotini, kama mtu aliyekuwa amefika kwao akaambiwa nyumba si hii.

Daktari aliona. Akawa anaongea naye yeye peke yake sasa, amesogeza kiti. Alimwambia miezi yake inayumba kwa sababu anakaribia ukomo wa hedhi. Ile homoni inapanda inavyotaka na kushuka inavyotaka, ndiyo maana mwaka jana ulikuwa mbaya vile, na utulivu wa sasa si wa kuutegemea. Kitarudi. Huenda kikaja na nguvu zaidi kabla hakijachoka, na kwa wengi kinachoka hedhi ikishakoma kabisa, lakini hakuna awezaye kumpa tarehe. Mimba bado inaweza kuingia, na ikiingia daktari aliyemwambia kaburi hakumdanganya. Kijiti cha kweli hakina ile homoni ya hatari. Akamwekea siku hiyohiyo. Akampa dawa ya kumeza pale msumeno unapoanza kuondoka, akamkataza Panadol za kila siku ambazo nazo huzaa kichwa kingine, akaandika tarehe ya kurudi.

Kilirudi baada ya siku nne. Kilikuwa kikali. Alimeza dawa, na badala ya siku tatu kikakaa moja na nusu, na Yusra akaandika K mbili, akazitazama, akazikuta ndogo kuliko zilivyokuwa zikimtisha.

Jumamosi iliyofuata Mwaija alitoka uani na fungu jipya la katani, akamwita. Yusra akashika mpini. Mwaija alitundika uzi kwenye ndoano, akaanza kurudi kinyumenyume, vidole vinalisha nyuzi, bendeji ya kijiti inaonekana chini ya mkono wa gauni. Kwa Getruda vitumbua vilikuwa vinachemka kwenye mafuta. Hawakuwa wamezungumza tangu hospitali, si kwa maana ya kuzungumza.

Alipofika hatua kumi hivi, Mwaija akasema, "Uliwahi kuniuliza jambo hapo hapo ulipo. Nikakupiga."

Yusra akasema anakumbuka.

"Ulikuwa umeliona, na wewe ni mtoto. Watu wazima wote walikuwa wanacheka."

Aliendelea kurudi nyuma. Kila hatua ilimpeleka mbali zaidi, na sauti yake, ambayo haikuwahi kuwa kubwa, ikawa inapungua, mpaka Yusra ikabidi asimamishe mpini ili asikie. Uzi ukatulia kati yao.

"Sikuwa napenda kuzaa, Yusra. Nani anapenda? Lakini kila mimba ilikuwa inanipa miezi sita ya kufungua macho asubuhi nisiogope jua. Yule wa sita nilijua ananiua, nikamtaka hivyohivyo. Na mwaka huu nikamtaka wa saba." Akavuta katani kidogo, akajaribu uzi kwa kidole gumba. "Ninyi mlikuwa mnasema Mwaija anazaa. Mwaija alikuwa anapumzika."